Vizibo 400: Kuigiza Makato ya Mshahara Mtaani

Igizo la haki ya uchumi lisilo na hesabu ni hotuba iliyovaa nguo za rangi. Anayepita Aga Khan Walk, Nairobi, akikimbilia matatu hahitaji kuambiwa maisha ni magumu. Mwonyeshe pesa inakoishia, atasimama.

Tuanze na mshahara wa shilingi 20,000. Okota vizibo 400 vya soda kwenye vibanda na baa, uvioshe vizuri maana sukari huita nyuki. Kila kizibo ni shilingi 50. Tunga 300 kwenye waya, ishirini ishirini, na 100 uviache huru; bila nyaya hizo, kuhesabu kodi ya nyumba kutakula dakika nzima na umati utatawanyika. Vimimine vyote kwenye karai la bati. Mlio wake unatosha kuita watu, kipaza sauti cha nini?

Kisha makato yaje moja moja, kila moja na mwigizaji wake. Ushuru wa nyumba za bei nafuu, 1.5%: vizibo 6. Bima ya afya ya SHA, 2.75%: 11. NSSF, akiba ya uzeeni, 6%: 24. PAYE, kodi ya mapato, haichukui kitu kwa mshahara huo. Vimebaki 359. Hapo mkabidhi mtazamaji karai, umuulize analipa kodi ya nyumba ngapi, nauli ngapi, unga ngapi, na atoe vizibo mwenyewe huku akihesabu kwa sauti. Usimsaidie. Akikwama, majirani zake watamkosoa, na mjadala umeshaanza bila wewe kuuhubiri.

Makosa ya hesabu ndiyo huua maigizo haya. Mwajiri hulipa 1.5% yake ya ushuru wa nyumba. Usiitoe kwenye karai hili. Wala usiseme mkate una VAT, kodi ya ongezeko la thamani, ya 16%: pendekezo hilo la mwaka 2024 liliondolewa. Mhasibu hakosekani kwenye umati, na akikuumbua mara moja basi hata namba zako za kweli hazina wa kuziamini.

Saa saba mchana kwenye bustani ya Jeevanjee hushinda saa kumi na moja jioni popote, kwa kuwa watu wameketi. Igizo lisizidi dakika 8, lirudiwe mara tatu. Kaeni ukuta ukiwa mgongoni, duara la hatua tano kwa chaki, na njia ya waendao kwa miguu iachwe wazi. Mlango wa duka ukizibwa, kanjo, askari wa kaunti, amepata sababu.

Kuhusu polisi: Ibara ya 37 ya Katiba inalinda mkusanyiko wa amani, na Sheria ya Utulivu wa Umma inataka OCS, mkuu wa kituo cha polisi, apewe taarifa siku 3 hadi 14 kabla. Ni taarifa, si kuomba ruhusa. Pigisha nakala muhuri, na mmoja asiyeigiza aibebe.

Kuna wanaopenda vishindo, kama nguruwe waliopelekwa nje ya Bunge mwaka 2013 kupinga nyongeza ya mishahara ya wabunge. Vilitikisa nchi, lakini watu walikamatwa. Kikundi kisicho na wakili wa kupigiwa simu kisijaribu.

Kama hoja ni ya kaunti, mfano ada za soko, msimalize bila karatasi. Kifungu cha 88 cha Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012 kinampa mkazi haki ya kuwasilisha malalamiko kwa maandishi. Kusanyeni majina na sahihi papo hapo, kabla karai halijafungwa, kwa sababu anayeahidi kurudi kesho harudi.