Swali la lugha: Aloi husubiwa, haitupwi

Msomaji anayetafsiri mwongozo wa uhandisi ametuandikia hivi: "Kuna sentensi inanisumbua. Nimeitafsiri: 'Mhandisi huyo aligundua aloi za juu na kuzitupa ili kupata vipuri vya uhandisi.' Mwenzangu amelikataa neno 'kuzitupa', lakini mtandaoni nimekutana na 'chuma cha kutupwa' mara nyingi mno, hata kwenye matangazo ya bidhaa. Nani ana haki kati yetu? Na hilo neno 'aloi', ni Kiswahili au tumeliokota tu?"

Ndugu msomaji, mwenzako ana haki. Niseme pia kwamba swali lako limenigusa, maana "chuma cha kutupwa" ni kosa ambalo nimekuwa nikiliona likikua mwaka hadi mwaka, na kila anayelinakili analipa nguvu zaidi.

Chanzo chake hakina siri. Katika Kiingereza kitenzi kimoja, "cast", hubeba maana ya kurusha kitu na pia maana ya kumimina metali iliyoyeyuka ili igande ikiwa na umbo fulani. Mashine ya kutafsiri ikachukua maana ya kwanza, sisi tukaipokea bila kuuliza. Lakini Kiswahili hakijawahi kuziweka maana hizo mbili kapu moja. Kutupa ni kurusha, au kuacha kitu kwa kuwa hakifai tena. Chuma cha kutupwa, kwa sikio la Mswahili, ni chuma kinachongoja kupelekwa jalalani. Tena tuna usemi "wa kutupwa" wenye kazi yake: mlevi wa kutupwa ni mlevi aliyekubuhu. Hakuna hata tawi moja la neno hilo linalofika kwenye tanuri.

Neno tunalo, na ni la zamani: kusubu. Limetoka kwenye Kiarabu, katika kitenzi chenye maana ya kumimina, na limekaa katika Kiswahili muda wa kutosha kuwa letu. Waliosoma Biblia ya Kiswahili katika tafsiri ya zamani wanalijua hata kama hawajawahi kukanyaga karakana, kwani Kumbukumbu la Torati linataja sanamu "ya kuchonga au ya kusubu". Tazama maneno hayo mawili yalivyosimama ubavu kwa ubavu. Ya kuchonga huanza na kitu kigumu, fundi akaondoa asichokitaka. Ya kusubu huanza na kitu cha majimaji, fundi akakipa mahali pa kugandia. Ukiongeza kufua, yaani kupiga chuma chenye moto kwa nyundo juu ya fuawe, unakuwa na njia tatu za kuipa metali umbo, kila moja na kitenzi chake. Mfua chuma hasubu, na anayesubu hafui, ingawa mtu mmoja anaweza kuzijua kazi zote mbili.

Niliwahi kusimama kando ya tanuri siku ya kusubu alumini, na nilichokisikia pale kimenisaidia kuliko kamusi. Kalibu, yaani umbo tupu linalomiminiwa metali, ilikuwa ya mchanga wenye unyevu kidogo, umeshindiliwa ndani ya fremu mbili zilizopandana. Katikati palikuwa na uwazi ulioachwa na kiolezo cha mti baada ya kuchomolewa. Fundi aliengua takataka zilizoelea juu ya metali, zile ambazo kwa chuma huitwa mavi ya chuma, kisha wawili wakainua chungu kwa koleo ndefu. Neno lililotoka kinywani mwake wakati wa kumimina lilikuwa moja tu: "Usikate, usikate!" Mkondo ukikatika katikati, sehemu iliyotangulia huanza kuganda, na inayofuata haiungani nayo sawasawa. Kitu kinatoka na ufa ambao huenda jicho lisiuone. Baada ya kupoa, kile kilichotoka kilikuwa kidogo kuliko kiolezo, maana metali hunywea inapoganda na inapopoa, na kwa hiyo kiolezo huchongwa kikubwa kidogo makusudi.

Katika tukio hilo moja kila kitenzi kilikuwa na zamu yake. Fundi aliyeyusha, alumini ikayeyuka (nayo huyeyuka kwenye nyuzi 660 za Selsiasi), akaimimina, ikaganda. Kumimina ni kitendo kimoja cha dakika chache. Kusubu ni kazi nzima, tangu kalibu mpaka kitu kinapovunjiwa mchanga. Kwa hiyo "kumimina aloi" si kosa ikiwa unaeleza kitendo hicho tu. "Kumwaga aloi" ningeiepuka, kwa sababu kumwaga kunaweza kuwa kwa bahati mbaya, na aloi iliyomwagika karakanani ni ajali.

Hapo kuna neno moja linalohitaji uangalifu: kalibu. Lina maana mbili. Ni umbo tupu linalomiminiwa metali, na katika maandiko ya zamani ni pia chombo cha kuyeyushia. Katika Mithali, kalibu ni ya kusafishia fedha. Katika mwongozo wa uhandisi usiache maana hizo zigongane. Kile cha kuyeyushia kiite chungu cha kuyeyushia, na kalibu ibaki kuwa ile inayotoa umbo. Na tafadhali usiandike "karibu". Nimeliona hilo katika maandishi yaliyokwisha kuchapishwa, na linaumiza.

Sasa sarufi, kwa sababu nadhani wengi hulikimbia neno hili kwa kutojua linavyonyumbulika. Linafuata njia ya jibu na haribu. Tunasema jibiwa na haribiwa, basi tunasema subiwa: "Mfuniko wa injini ulisubiwa kwa alumini." Tunasema haribika, basi tunasema subika: "Aloi hii inasubika vizuri," yaani hujaza kalibu bila kuacha mapengo na huganda bila kupasuka. Sentensi hiyo ya maneno manne ina sifa ambayo wahandisi huipima na kuigombania, na lugha yetu inaibeba kwa kiambishi kimoja. Vilevile aina za kazi hupata majina bila jasho: kusubu kwa mchanga, kusubu kwa nta, kusubu kwa shinikizo. Jaribu kuweka "kutupa" mahali hapo uone. "Kutupa kwa mchanga" ni jambo wafanyalo watoto.

Kuhusu lile jina la aina ya chuma chenyewe, sema chuma cha kusubu. Hicho ni chuma chenye kaboni nyingi, kwa kawaida kati ya asilimia 2 na 4, ambacho huyeyuka kwenye joto la chini kuliko chuma kitupu, hujaza kalibu vizuri, lakini hakipendi kupigwa. Ukikigonga sana huvunjika badala ya kupinda. Usikichanganye na "chuma kilichosubiwa". Gari la kukodi linabaki kuwa la kukodi hata siku ambayo halijakodiwa. Vivyo hivyo chuma cha kusubu ni jina la aina, na kilichosubiwa ni habari ya jinsi kitu fulani kilivyotengenezwa. Chuma cha pua nacho kinaweza kusubiwa, na hakiwi chuma cha kusubu kwa sababu hiyo.

Na kwa kuwa nimekitaja: pua hapa ni neno la zamani la chuma kilichoimarishwa, chenye kaboni kidogo, chini ya asilimia 2. Siku hizi matangazo hulitumia jina hilo kwa kile chuma cheupe cha kung'aa kisichoshika kutu, hicho peke yake. Hiyo ni kupunguza maana ya neno bila sababu. Harry Brearley, mtaalamu wa metali kule Sheffield, Uingereza, mwaka 1913 alikuwa akitafuta chuma cha pua cha mitutu ya bunduki isiyolika upesi. Alipoongeza kromi hadi karibu asilimia 13 alikuta kwamba kinaikataa asidi na hakishiki kutu. Chuma cha pua kilikuwapo karne nyingi kabla yake. Kilichokuja naye ni chuma cha pua kisichoshika kutu. Maneno mawili ya ziada si mzigo mkubwa.

Nakuja kwenye "aligundua", ambalo mwenzako amelipitisha lakini mimi silipitishi. Kugundua ni kukiona au kukijua kitu kilichokuwapo ambacho hakuna aliyekijua. Kubuni ni kukiunda kwa akili kitu ambacho hakikuwapo. Kuvumbua kumesimama kati ya hayo mawili, na watu hukitumia kwa maana zote mbili, kwa hiyo mimi hukiweka akiba. Mhandisi anayekaa na kupanga nikeli kiasi gani, kromi kiasi gani, kisha akayeyusha na kupima, anabuni. Lakini si kila mara, na hapa kuna mfano ninaoupenda sana.

Mwaka 1906 huko Ujerumani, mtaalamu wa metali Alfred Wilm alikuwa akitafuta njia ya kuifanya alumini iwe ngumu. Aliichanganya na shaba, kiasi cha asilimia 4, pamoja na magnesi kidogo, akaipasha joto kali na kuipoza kwa ghafla kama kinavyofanyiwa chuma cha pua. Haikuonyesha ajabu yoyote. Ilipopimwa tena baada ya kukaa siku chache bila kuguswa, ilikuwa imekuwa ngumu zaidi yenyewe. Ule mchanganyiko Wilm aliubuni. Ule ugumu unaokuja kwa kukaa aliugundua, maana hakuupanga na hakuutarajia. Sababu yake haikujulikana mpaka mwaka 1938, pale wanasayansi Guinier nchini Ufaransa na Preston nchini Uingereza, kila mmoja kwa njia yake, walipotumia miale ya eksirei na kugundua mikusanyiko midogo mno ya atomi za shaba ndani ya alumini. Ikiwa mwongozo wako unasimulia habari ya namna hiyo, utahitaji vitenzi vyote viwili ndani ya aya moja, na ukiviunganisha utaiharibu habari yenyewe.

Je, aloi ni Kiswahili? Ndiyo. Limo kamusini, limeingia kwa mlango uleule walioingilia metali, nikeli na kaboni, na linakaa katika ngeli ya i-/zi-: aloi hii inastahimili, aloi hizi zinastahimili. Ninachokilalamikia ni fasili yake. Tumezoea kufundisha kuwa aloi ni mchanganyiko wa metali mbili au zaidi, na kwa fasili hiyo chuma cha pua cha kawaida kinaanguka nje, kwa sababu kaboni si metali. Afadhali tuseme: ni metali iliyoyeyushwa pamoja na elementi nyingine, moja au zaidi, ikawa kitu kimoja chenye tabia za metali. Fasili hiyo inazichukua hata aloi ngeni kabisa, kama zile zilizotangazwa mwaka 2004 na wanasayansi Jien-Wei Yeh wa Taiwan na, kwa upande wake, Brian Cantor wa Uingereza, ambazo hazina metali kuu na nyongeza. Ya Cantor ina chuma, nikeli, kobalti, kromi na manganisi kwa viwango vilivyo sawa.

"Aloi za juu" haifai. Juu ya nini? Ukisema "za kisasa" au "za hali ya juu" utaeleweka, ila katika uandishi wa ufundi napenda zaidi kutaja sifa yenyewe. Mapanga ya turbini za injini za ndege husubiwa kwa aloi za nikeli, baadhi yake zikigandishwa polepole hadi panga zima liwe fuwele moja, nayo hufanya kazi ndani ya gesi yenye joto kupita kiwango cha kuyeyuka kwa aloi yenyewe, yakiokolewa na hewa inayopita katika njia nyembamba zilizoachwa ndani tangu wakati wa kusubu. Aloi hizo ziite aloi zinazostahimili joto kali. Msomaji atajua kwa nini ni bora.

"Vipuri" nalo libadilishe. Kipuri ni kile kinachowekwa akiba au kinachokuja kuchukua nafasi ya kilichoharibika. Kitu kinachotoka kalibuni kwenda kuunda mashine mpya si kipuri bado. Ni sehemu ya mashine, au kijenzi ukipenda neno moja.

Sentensi yako basi ingekuwa hivi: "Mhandisi huyo alibuni aloi zinazostahimili joto kali, akazisubu kuwa sehemu za mitambo." Nimeweka joto kali kwa kukisia, kama mwongozo wako unazungumzia wepesi, au kutoshika kutu, andika hilo. Na kama aya inayofuata inasema zilikuwa ngumu zaidi baada ya kukaa siku kadhaa, hapo ndipo "aligundua" litapata mahali pake.