Kushuka kwa kanieneo ya mvuke: shika tofauti, usiiachie

Wadogo zangu mnaoanza kemia ya kidato cha tano, maswali ya kushuka kwa kanieneo ya mvuke, yaani msukumo wa mvuke juu ya kimiminika, yanaonekana mepesi kwa sababu kanuni yake ni fupi. Mkemia Mfaransa François-Marie Raoult aliieleza miaka ya 1880: kanieneo ya mvuke ya kiyeyushi (kimiminika kinachoyeyusha) ndani ya myeyusho ni ile ya kiyeyushi kitupu, mara sehemu yake ya moli, yaani moli zake gawanya kwa moli zote (moli ni kipimo cha idadi ya chembe). Kuikariri ni kazi ya dakika moja. Alama hupotelea kwenye namba.

Chukua gramu 90 za glukosi ndani ya gramu 450 za maji, kwenye nyuzi 25 za Selsiasi. Glukosi ni moli 0.5, maji ni moli 25. Sehemu ya moli ya glukosi ni 0.5 gawanya kwa 25.5, yaani 0.0196. Angalia namba ya kugawanyia: tumeweka jumla ya moli zote, si za maji peke yake. Maji matupu kwenye joto hilo yana kanieneo ya 23.76 mmHg (milimita za zebaki). Zidisha kwa 0.0196, unapata 0.466. Hicho ndicho kilichoshuka. Kilichobaki ni 23.29. Ukitumia sehemu ya moli ya glukosi unapata mshuko, ukitumia ya maji unapata kinachobaki. Kabla hujazidisha, soma tena swali linataka kipi.

Sasa swali likigeuzwa, ndipo penye kazi. Unaambiwa gramu 18 za kitu kisichojulikana zimeyeyushwa kwenye gramu 180 za maji, kanieneo ikashuka kutoka 23.76 hadi 23.525. Tafuta tungamo la moli, yaani gramu za moli moja. Njia ninayoipenda ni hii: mshuko gawanya kwa kanieneo ya myeyusho ni sawa na moli za kiyeyushwa (kitu kilichoyeyushwa) gawanya kwa moli za kiyeyushi. Hakuna kukadiria chochote, na jumla ya moli haikusumbui tena. 0.235 gawanya kwa 23.525 ni 0.00999. Maji ni moli 10, kwa hiyo kiyeyushwa ni moli 0.0999; gramu 18 gawanya kwa hizo, na jibu ni karibu gramu 180 kwa moli.

Rudia ukiwa umekadiria 23.525 kuwa 23.5. Mshuko unakuwa 0.26, na jibu linaanguka hadi 163. Umebadilisha kanieneo kwa kiasi kidogo mno, lakini tofauti yenyewe ni ndogo, kwa hiyo kosa lote limeiangukia. Nawasihi sana, acheni tarakimu zote kwenye kikokotozi mpaka mstari wa mwisho.

Kanuni kwa sura hii inadai kiyeyushwa kisichogeuka mvuke. Ethanoli haifai, maana nayo inachangia mvuke wake.

Chumvi inataka hatua moja zaidi. Moli 0.5 za chumvi ya mezani, gramu 29.25, zikiingia kwenye maji yale yale gramu 450 hutoa moli 1 ya ioni (chembe zenye chaji), maana chumvi hugawanyika kuwa ioni za sodiamu na za kloridi. Sehemu ya moli inakuwa 1 gawanya kwa 26, na mshuko 0.914 mmHg, karibu mara mbili ya glukosi ingawa tungamo ni chini ya theluthi yake. Maabara itakupa pungufu kidogo ya hapo, kwa kuwa ioni za sodiamu na kloridi bado zinavutana ndani ya maji.