Salio la bei ya gari si kazi ya polisi
Ndugu yangu, umeuliza kama polisi wanaweza kuizuilia Probox yako kituoni kwa sababu muuzaji anakudai salio. Hawawezi. Polisi huzuilia gari linaposhukiwa kuhusika na uhalifu au linapohitajika kama kielelezo cha ushahidi mahakamani, na deni peke yake si kosa la jinai. Zaidi ya hayo, Kifungu cha 40 cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinakataza mtu kunyang'anywa mali kiholela. Muuzaji na aende Mahakama ya Madai Madogo, ambayo hapa Mombasa ipo, ikiwa deni halizidi shilingi 1,000,000. Wewe omba nambari ya OB (kitabu cha matukio cha kituo cha polisi) na sababu iliyoandikwa, na tafadhali usitie saini ahadi yoyote ya kulipa pale kaunta, hata ukionyeshwa funguo.