Kidole kinasoma 94, nihofu?

*Daktari, nimenunua kile kidude cha kubana kidole, cha kupima asilimia ya oksijeni kwenye damu. Mume wangu hana shida yoyote lakini kinasoma 94. – Mama Kevin, Umoja*

Usihofu, mama. Nairobi iko takriban mita 1,700 juu ya usawa wa bahari na hewa yetu ni nyepesi kuliko ya Mombasa. Kule Pwani aliye mzima husoma 95 hadi 100. Hapa 94 bila dalili zozote si neno. Alipopimwa, kidole chake kilikuwa na rangi ya kucha au hina? Rangi aifute, au apime kidole kisicho na hina, apashe mkono joto, atulie, kisha apime upya.

*Juzi baridi ilizidi tukalala na jiko ndani. Asubuhi vichwa vilituuma, mtoto akatapika. Kidude kikasoma 98, basi si oksijeni? – Baba wawili, Kayole*

Ni oksijeni hiyohiyo, baba, na 98 hiyo ni ya uongo. Makaa yakikosa hewa ya kutosha hutoa kaboni monoksaidi, gesi isiyo na rangi wala harufu, inayoing'ang'ania damu zaidi ya mara 200 kuliko oksijeni. Kidude husoma wekundu wa damu kwa mwanga tu, na damu yenye sumu hiyo nayo ni nyekundu. Najua mtaniambia jiko lilikuwa limeshika vizuri, halina moshi. Moshi huisha, gesi haiishi! Nendeni hospitali leo, hata kama kichwa kimetulia, na mseme wazi kwamba mlilala na jiko.

*Mama yangu wa miaka 68 anakohoa siku ya nne. Amesoma 88 mara tatu, lakini anaongea vizuri na hataki kutoka. – Wambui, Kasarani*

Mtoe sasa hivi, usingoje kesho. Huenda ni nimonia, moyo uliochoka, au donge la damu kwenye mapafu, nyumbani hutajua. Oksijeni inaweza kushuka mtu akiwa bado anapiga soga. Tena kwa ngozi nyeusi kama zetu vidude hivi wakati mwingine hupandisha namba, kwa hiyo 88 yaweza kuwa chini zaidi.

*Nasoma 99 lakini ngazi za ghorofa ya pili zinanimaliza. – Otis, Pipeline*

Pima damu, huenda imepungua. Damu hubeba oksijeni kama matatu zinavyobeba abiria. Kidude huangalia kama viti vya matatu vimejaa. Hakijui kama stejini kuna matatu kumi au mbili.