Jibu: Yule msichana wa skii ni nani, na ilikuaje akachezea China?

Yakhe umeuliza ni Mmarekani au Mchina, basi jina lake Eileen Gu, kazaliwa San Francisco 2003, mama yake Mchina, na mwaka 2019 ndo akaamua kuichezea China, Wamarekani wengine wakanuna kwelikweli mana skii, yaani huo mchezo wa kuteleza kwenye theluji, kajifunzia kwao.

Hiyo skii yake si ile ya kushindana mbio. Ushawahi kukaa Forodhani kule Zanzibar jioni ukatazama vijana wanavopiga makachu, yaani wanavojirusha baharini huku wanajipindua? Basi ndo hivohivo, ila badala ya bahari chini kuna theluji ngumu na miguuni kavaa mbao mbili ndefu, ukikosea hapo hakuna maji ya kukupokea lol.

Olimpiki ya Beijing 2022, ana miaka 18 tu, kabeba medali tatu, dhahabu mbili na fedha moja. Ile dhahabu ya mwanzo ndo tamu. Kabakisha mruko mmoja, yuko wa tatu, kampigia mama yake simu, mama anamwambia fanya ule uliouzoea upate medali ya fedha, yeye kagoma kenda kujizungusha mara nne na nusu hewani, kitu ambacho hajawahi kukifanya mashindanoni, akatua wima. Kampita Tess Ledeux wa Ufaransa kwa pointi 0.75, maskini yule binti alilia.

Na kwenye ile medali ya fedha, dhahabu kaikosa kwa pointi 0.33 hivi. Halafu eti anasoma chuo kikuu cha Stanford na anapigwa picha za mitindo, sijui analala saa ngapi.