Mjuaji Hacheki

Jumatatu nilipata ujumbe wa kijana mmoja wa Mwanza. Ameandika skripti ya kichekesho, kurasa 14, kuhusu kondakta wa daladala anayejiita daktari. "Kaka, shikamoo. Nimewasomea washkaji hakuna aliyecheka hata mmoja. Nimekosea wapi?"

Marahaba, mdogo wangu. Skripti yako nimeisoma mara mbili, na kosa nimeliona ukurasa wa kwanza. Nalijua vizuri kosa hilo, kwa sababu mimi lilinila pikipiki.

Mwaka 2019 nilitengeneza filamu yangu ya kwanza, dakika 38. Mhusika alikuwa mlinzi wa duka la vifaa vya ujenzi, Afande Kirungu, mtu anayejiona mpelelezi mkubwa kuliko polisi wote wa mkoa. Funguo za duka zimepotea. Anahoji mtaa mzima, anaweka watu chini ya ulinzi, anapima nyayo kwa futi kamba, na muda wote huo funguo zinaning'inia shingoni mwake. Wazo lilikuwa zuri. Nilijua ni zuri siku ile na leo bado najua ni zuri. Nikauza pikipiki, nikachukua zamu yangu ya mchezo, jumla 2,400,000, nikaingia kazini.

Wa kuigiza Afande nilimchukua MC wa harusi, mchekeshaji anayejulikana mtaani kwetu. Akapaka poda usoni, akavaa suruali iliyopanda hadi kifuani na tai inayofika magotini. Kila akimaliza sentensi aligeukia kamera na kutoa macho. Tulipokuwa tunashuti tulicheka wote, mpaka mshika kamera akatikisa picha. Nikasema hii inavunja mbavu.

Niliionyesha kwenye ukumbi mmoja hapa Morogoro. Watu kama 60 hivi. Dakika ya kumi watoto wakaanza kutoka kwenda kununua ubuyu. Dakika ya ishirini nilikuwa nasikia feni ya dari inavyozunguka. Nikaipeleka kwenye kituo kimoja cha televisheni. Mhariri wa vipindi akaitazama dakika nne, akachomoa flashi, akanirudishia palepale mapokezi mbele za watu: "Hiki si kichekesho, ni makelele." Kukataa filamu ni haki yake. Kunidhalilisha mbele ya wale mabinti wa mapokezi haikuwa haki yake, na sijasahau.

Miezi iliyofuata naiacha. Niliuza kava za simu, basi.

Kilichonirudisha ni The Naked Gun, filamu ya vichekesho ya Marekani. Tulipokuwa wadogo tuliiona kwenye kibanda umiza, tumebanana kwenye mabenchi, Kiingereza hatujui hata neno, na tulicheka mpaka machozi. Usiku mmoja niliitazama tena nikiwa mtu mzima na swali moja kichwani: tulicheka nini, kama lugha hatukuijua?

Tazama ile sehemu ya mkutano na waandishi wa habari. Meya anazungumza. Mpelelezi Frank Drebin amemaliza kusema yake, anatoka taratibu kwenda msalani, na kipaza sauti bado kimebanwa kwenye koti lake. Ukumbi mzima unasikia kila kitu. Meya anaendelea na hotuba, uso umekaza, anajaribu kuishinda ile sauti. Na Drebin? Hana habari. Ni mtumishi wa umma aliyetimiza wajibu wake na sasa yuko msalani. Leslie Nielsen, anayemuigiza, hakonyezi hata mara moja. Uso wake ni wa mtu anayesoma taarifa ya msiba.

Na uso ule haukuokotwa barabarani. Nielsen aliigiza watu wazito kwa miaka mingi kabla watengenezaji filamu Jim Abrahams na ndugu wawili, David na Jerry Zucker, hawajampa nafasi ya daktari kwenye kichekesho cha Airplane! mwaka 1980. Hawakumtafuta mchekeshaji. Walimtaka yeye, Robert Stack, Lloyd Bridges na Peter Graves, wanaume ambao Wamarekani walizoea kuwaona wakiwa na suti na amri. Hata hadithi yenyewe waliichukua kwenye filamu ya 1957 isiyo na mzaha, Zero Hour!, wakanunua haki zake, na mazungumzo mengi wakayabeba karibu yalivyo. Fikiria hilo. Maneno yaleyale yaliyoandikwa kutia watu hofu yakawaua watu kwa kicheko, kwa kuwa waigizaji waliyaamini waliyoyasema. Na The Naked Gun iliporudi 2025, aliyepewa nafasi ni Liam Neeson, mzee wa kutafuta watekaji na kuvunja watu shingo. Sikushangaa.

Peter Sellers, anayeigiza mpelelezi Clouseau kwenye filamu za Pink Panther, naye ni hivyohivyo. Inspekta Clouseau anamuuliza mhudumu wa mapokezi wa hoteli kama mbwa wake anauma. Anajibiwa hapana. Anainama kumpapasa mbwa aliye pale, anang'atwa. Analalamika. Jibu: huyo si mbwa wangu. Clouseau hatoi macho. Anaumia heshima kwanza, mkono baadaye. Na nyuma yake yupo bosi wake, Dreyfus, aliyeigizwa na Herbert Lom, ambaye ujinga wa Clouseau unamtia wazimu kwelikweli, mpaka jicho linamchezacheza lenyewe. Huyu Dreyfus ndiye aliyenifungua macho, kwa sababu kwenye filamu yangu kila mtu alikuwa anamcheka Afande. Muuza nyanya anamcheka, mwenye duka anamcheka, mtoto anamcheka. Sasa mtazamaji amebakiwa na kazi gani?

Mjuaji wa kweli watu hawamcheki. Wanamtii. Mnamjua nyote. Kwenye kikao cha harusi ndiye anayeshika kalamu. Ndiye shemeji anayesema friji hiyo ni gesi tu imeisha, anaifungua sebuleni, na ninyi mnamshikia tochi. Hakuna anayecheka pale. Kicheko kinakuja baada ya mwaka, friji ikiwa kabati la vyombo. Filamu ya namna hii inatuonyesha sisi tulioshika tochi, ndiyo maana inachoma na kuchekesha kwa pamoja. Hapa nyumbani marehemu Mzee Majuto alikijua kitu hiki. Akikasirika, amekasirika. Ukimwona anadai heshima, unaona anaidai kutoka moyoni.

Basi mwaka jana nikaandika upya. Afande Kirungu nikampa mwalimu mstaafu wa hesabu, mzee wa kwaya, ambaye hajawahi kuigiza. Sikumwambia achekeshe. Nilimwambia: mwalimu, huyu ni mtu mwaminifu, ameaibishwa kazini na anataka kusafisha jina lake. Alikuja siku ya kwanza na sare ameipiga pasi mwenyewe nyumbani, mikunjo imesimama.

Tukashuti ile sehemu ya mama ntilie. Mwalimu anatoa penseli sikioni, anailamba ncha, anaandika "chapati" kwenye daftari, anaipigia mstari kwa rula. Anamuuliza mama alilala saa ngapi. Anainama kukagua chini ya jiko, funguo zinalia shingoni. Anainua mkono: "Tulieni. Nasikia funguo." Mama ntilie anazima redio, anashusha sauti: "Ziko upande gani, Afande?" Mwalimu anafumba macho, anasikiliza, kisha anaelekeza kidole nyumbani kwa jirani. Watu watatu wanainuka kwenda huko.

Jumamosi ya wiki iliyopita niliionyesha ukumbini palepale, feni ileile. Ilipofika "Ziko upande gani, Afande?" mama mmoja aliinama akashika benchi la mbele yake, mabega yanatetemeka, na kwa dakika nzima hakuna aliyesikia maneno yaliyofuata. Nilisimama nyuma karibu na mlango. Nilikuwa nimeingojea sauti ile miaka sita. Yule mhariri alipiga simu Jumanne. Sikupokea.

Ndugu zangu mnaoandika vichekesho, nawaomba. Acheni kumcheka mhusika wenu kabla mtazamaji hajamcheka. Mvueni poda. Suruali yake imtoshe. Ondoeni ile milio ya katuni mnayoibandika kila mtu akianguka, mtazamaji ana macho. Mwacheni mjuaji aamini anachosema, na wanaomzunguka nao waamini, au angalau waogope kumbishia. Najua nalirudia jambo moja. Nalirudia kwa sababu kila wiki naletewa kazi za vijana wenye vipaji, wameamka alfajiri, wameazima kamera, wametumia akiba za mama zao, na mhusika anakonyeza kamera dakika ya kwanza. Kazi yote inaanguka hapo. Muacheni aamini!

Na wewe wa Mwanza. Ukurasa wa kwanza kondakta wako anawaambia abiria, "Mimi mwenyewe udaktari siujui, ila twende nao." Kata. Hapo ndipo washkaji walipokosa cha kucheka. Yeye anaujua udaktari, ameusomea mlangoni mwa gari kwa kusikiliza wagonjwa wanaokwenda Bugando. Ukurasa wa tisa yule abiria anapozimia, usimfanye kondakta akimbie huku na huko. Azime muziki. Aombe nafasi. Ashike mkono wa mgonjwa, atazame saa ambayo haitembei, atikise kichwa polepole, na siti nzima ya nyuma ianze kuchanga nauli ya kurudisha mwili.

Mtafute baba mmoja mzito wa kuigiza, anayeheshimika kanisani au msikitini. Ukimaliza nitumie tena niisome, kabla hujauza kitu chochote.