Usibishane na sauti anazozisikia

Mdogo wangu alianza kwa kukosa usingizi. Baadaye akafunga kibanda chake cha kutengeneza simu, akawa anashinda chumbani. Halafu televisheni ikafunikwa kanga, na chai hanywi mpaka mama aionje kwanza. Alikuwa na miaka 21. Skizofrenia, ugonjwa wa akili unaomfanya mtu asikie sauti na kuamini mambo yasiyokuwepo, mara nyingi huanzia umri huo, ingawa mtaani walishaamua kuwa ni bangi au karogwa.

"Dada, yule mtangazaji kanitaja tena."

Hapo usimbishie, wala usimkubalie. Mimi nilimjibu: "Sijasikia jina lako, ila naona umeogopa. Tukae wote." Ukimwambia anaota, umejiunga na maadui zake, ukisema nawe umesikia, umempa ushahidi.

Kumpeleka hospitali, anzia kwenye kile anacholalamikia mwenyewe. Wangu alikuwa amechoka kukesha, basi tukaenda kwa ajili ya usingizi, na daktari naye akaanza na swali hilohilo. Beba daftari: aliacha lini kulala, lini kazi, anakunywa nini, anavuta nini. Kama ni bangi itaje, usione haya. Walimpima malaria, VVU na kaswende, maana hayo nayo huweza kuvuruga akili. Na msikimbilie kudhani ni lazima hospitali ya akili ya Mirembe, Dodoma. Ulizeni kwanza hospitali ya rufaa ya mkoa wenu.

Wanaotaka kuomba waombe, mama aliomba kila usiku. Ninachokataa ni kumfunga mtu minyororo na kumnyima dawa.

Akisema anataka kufa, au sauti zinamwamuru amdhuru mtu, mpelekeni siku hiyohiyo. Asibaki peke yake, na visu na sumu ya panya viondoeni.

Dawa nazo zina vituko vyake. Haloperidol, dawa aliyopewa ya kutuliza zile sauti, ilimkakamaza shingo, taya likapinda, mate yakamtoka, shangazi akapiga kelele kwamba tunamuua. Familia nyingi huacha dawa hapohapo. Rudini hospitali haraka: ipo dawa ya kulegeza huo mkakamao, na dozi hubadilishwa. Kishawishi cha pili cha kuacha dawa huja akipata nafuu, atakapowaambia kwamba amepona na vidonge vinamnenepesha bure. Msikilizeni, kwa sababu kunenepa ni kweli, kisha mwende naye kliniki akamwambie daktari mwenyewe kabla hajaruka hata kidonge kimoja.